Vidole vya Bingwa

"Nataka gemu inayochosha vidole," mke wa kinyozi alimwambia fundi simu, akakitua mezani kisanduku cha TV alichokuja nacho kwenye mfuko wa plastiki.

Fundi akakigeuza juu chini. Kilikuwa cha bei ya kutupa, ambacho wenyewe walitazamia sinema mpaka kikaanza kukwamakwama. "Gemu za siku hizi hiki hakiziwezi, dada. Labda zile za zamani, za kwenye vibanda."

"Hizohizo. Mume wangu alikuwa mfalme wa hizo."

Hakutia chumvi. Enzi za ujana, kabla hajashika mashine ya kunyolea, mumewe alitikisa vibanda vya gemu hata wakampa jina la Bingwa, na jina likamganda mpaka uzeeni. Kilichomwangusha ni kiharusi. Kilimlaza palepale saluni, mteja akiwa bado na kitambaa shingoni, na kilipomwachia kiliondoka na nusu ya ulimi na mkono wote wa kulia. Daktari alisema mkono unaweza kurudi ukipewa mazoezi. Mgonjwa mwenyewe mpira wa kufinya alishauchoka, akautupa chini ya kitanda. Ndipo mkewe alipowaza gemu.

Fundi alikifungua kisanduku, akapuliza vumbi, akafuta kila kilichokuwamo, akachomeka kadi ndogo iliyojaa gemu za miaka hiyo. Akampa na rimoti ya kuchezea, akamwelekeza: waya huu kwenye TV, kitufe hiki kuwasha, basi. Mama wa watu alirudi nyumbani mbiombio kama aliyebeba dawa.

Siku ya kwanza alimkalisha Bingwa mbele ya TV, akamwekea rimoti mikononi, akavipanga vidole vyake kimoja kimoja juu ya vitufe. Akawasha, kisha akarudi kwenye meza yake ya kupigia pasi nguo za watu. Kwa muda mrefu hakusikia kitu ila mumewe akihema na kuguna, na rimoti ikianguka na kuokotwa. Alijikaza asigeuke. Mara milio ya risasi ikatoka. Kugeuka, kindege kiko angani, kinakwepa huku, kinafyatua kule, maadui wanalipuka!

Pasi nusura iunguze shati la mwalimu. Alimrukia mumewe, akamkumbatia, akacheka na kulia kwa pamoja. "Umeweza! Bingwa wangu, umeweza!"

Bingwa alimtazama, akafungua kinywa, akakifunga. Halafu naye machozi yakamtoka.

Tangu hapo ikawa ndiyo kazi ya kila alasiri. Bingwa alijifunika shuka mapajani, akidai mkono unataka joto, na rimoti ikakaa humo humo ndani. Mkewe alipiga pasi nyuma yake, akichungulia juu ya bega lake. Gemu hakuijua, lakini njia ya kile kindege alishaikariri: bahari, msitu, kisha daraja. Darajani ndipo kilipolipuka, juzi, jana, na hata leo.

"Leo tena daraja limekushinda?" alimtania. "Na wewe ndiye wa kuitwa Bingwa!"

"Da... daraja gumu," mumewe alijibu.

Moyoni mwanamke alishajiwekea kwamba siku kindege kikivuka, mumewe anarudi kazini.

Kiti cha Bingwa saluni kilikuwa bado kitupu. Mshirika wake, rafiki yake tangu enzi za vibanda, alikuwa amepata kinyozi mwingine wa kukikodi, na sehemu ya kodi ingekuja kwa mgonjwa. Mkewe alikataa katakata. Kwake yeye, kukitoa kiti kile ilikuwa sawa na kumzika mume angali mzima, na wazo hilo tu lilimuuma hadi akakosa usingizi. Alasiri hiyo mshirika alikuja mwenyewe kusikia neno la mwisho.

"Shemeji, jionee kwa macho yako!" mwanamke alimpokea, akimvuta hadi nyuma ya kiti cha mumewe. "Mkono huo, unarudi! Na kodi ya kiti chake saluni isikutie shaka. Friji nimeshaipatia mnunuzi, anakuja kuichukua jioni. Nitakilipia mimi."

Bingwa akashtuka kitini. Akageuza shingo kumtazama mkewe.

Mshirika aliitazama TV akitabasamu. Tabasamu likamwisha taratibu. Akalitazama shuka, kisha kisogo cha rafiki yake.

"Friji usiiuze kwanza, shemeji," alisema kwa sauti ya chini.

"Kwa nini? Wewe huoni anavyowanyoosha maadui?" Alicheka, akanyoosha kidole kwenye TV. "Hebu nisaidie, wewe Kiingereza unakijua. Hayo maneno yanayowaka na kuzimika hapo chini yanasemaje? Huyu nikimuuliza ananyamaza tu. Au yanamsifu, anaona haya?"

Mshirika akamgeukia rafiki yake. Bingwa akalishika shuka kwa mkono wa kushoto, akaliacha lianguke. Rimoti ilikuwa imelala mapajani chali, na mkono wa kulia kando yake, kiganja wazi.

Kwenye TV kindege kilikwepa chenyewe, kikafyatua, kikaingia msituni.

"Yanasema," Bingwa alimwambia mkewe, neno moja moja, "gemu... haijaanza. Inangoja... mtu... aje acheze."