Ng'ambo ya Barabara

Asubuhi hiyo Bi Tunu alibeba bakuli la uji, akamkuta mlinzi amesimama pale alipozoea kuvukia. Barabara mpya ilikuwa na njia sita, na katikati yake ukuta wa zege uliomfika kifuani.

“Hapa hapavukwi tena, mama,” mlinzi alisema. “Daraja liko kule mbele, mwendo wa nusu saa.”

“Dada yangu anaumwa. Nyumba yake ni ile pale, yenye dirisha la kijani.”

“Naiona, mama. Lakini jana tumeokota mtu aliyegongwa hapa.”

Magoti ya Bi Tunu yasingeweza ngazi za daraja, akasimamisha teksi. Alipomwonyesha nyumba ya ng'ambo, dereva alidhani anataniwa. Kisha akamzungusha kwenye foleni mpaka mwisho wa barabara na kurudi, saa nzima.

Uji ulikuwa umepoa. Dada yake, Rukia, alikuwa amelala kando ya dirisha, macho wazi.

“Nilikuona umesimama, mdogo wangu,” alisema kwa sauti ndogo. “Nikakupungia. Halafu ukaingia kwenye gari ukaenda zako.”

Bi Tunu aliliweka bakuli kando ya kitanda. Mkono wa dada yake ulikuwa bado umeegemea kioo, na nyuma yake magari yalipita, yakazidi kupita.