Kovu la Mshamu

Redio ya kinyozi ilipoibwa, majirani hawakutafuta mbali. Walimburuta hadi kituoni Mshamu, msusi wa viti, kwa sababu ya kovu lililomkunja shavu zima.

"Afande, mtazame tu," kinyozi Lugano alimwambia askari wa zamu. "Kwenye sinema zote, mwenye uso huu ndiye muuaji."

Sinema hizo Mshamu naye alizitazama, kwa hiyo alingojea mpelelezi wa koti refu na makofi. Aliyeingia alikuwa mama mjamzito mwenye kikombe cha uji.

"Mwizi alipitia wapi?"

"Dirisha la juu, karibu na dari," Lugano alijibu.

"Kaka, hebu nitungulie kalenda ile juu ya mlango."

Mshamu alijaribu. Mikono yake iliishia usawa wa kifua. Mpelelezi akayapapasa mabega yake yaliyokakamaa.

"Tangu lini?"

"Tangu ule moto ulioniachia kovu."

"Pole sana. Nenda nyumbani."

Mshamu alicheka hadi machozi yakamtoka. Nje alimkuta Lugano ameinama, akifuta vumbi kwa shati lake kwenye ndara iliyomchomoka Mshamu njiani. Akamnyooshea.