Kikombe Kilichofudikizwa

Mtangazaji wa redio aligonga meza kwa mwiko, akijifanya hakimu. Watu wa Garissa walikipenda kipindi chake kwa vichekesho hivyo.

"Mshtakiwa Sagal! Kitabu chako kinasema wazee wetu husinzia wanawake wakizungumza kikaoni. Utaomba radhi, au nikuhukumu kuchunga mbuzi wa chifu?"

Sagal alicheka. Simu ikalia, na sauti iliyoingia hewani ikamkatiza kicheko.

"Huyo mzee wa kitabuni ni mimi."

Alikuwa abti wake, kaka wa mama yake, aliyemlea. Tangu kitabu kitoke, mzee alikuwa amekifudikiza kikombe cha bati cha Sagal rafuni, na hakuna aliyemmiminia tena maziwa ya ngamia katika nyumba ile.

Mtangazaji aliuweka mwiko chini taratibu.

"Nijibu mbele ya watu," mzee alisema. "Nililala au sikulala?"

Sagal aliibana ncha ya mtandio wake. Angeweza kusema kwamba ile ni hadithi tu. Bismillahi, alisema moyoni.

"Ulilala, abti. Mama alikuwa akiwaombea wanawake kisima. Ulikoroma."

Kikasikika kikohozi, halafu kicheko cha kifua kizima.

"Wallahi, huyu nimemlea mimi! Hata mamako aliniambia hivyohivyo, nikabisha. Sagal, ukitoka huko usipitie hotelini kunywa chai. Sikiliza."

Garissa nzima ikasikia redioni kikombe cha bati kikigonga meza, kisha maziwa yakimiminwa.