Baba Aliyetoroka na Gari la Maiti

Kitabu kilitua katikati ya bakuli la saladi ya viazi, mbele ya ndugu wote wa Vernadine waliokuja kula chakula cha Jumapili.

"Riwaya, eti!" Vernadine alifoka. "Kanisa zima linaniuliza ile maiti ilifikishwa wapi!"

Corliss, bintiye, alikiokota kitabu chake na kukifuta mayonezi. Ndicho kilichompatia tuzo. Ndani yake baba mmoja wa Mississippi anamkimbia mkewe na kutoroka na mke wa muuza majeneza, kwa gari la maiti, maiti ikiwa bado nyuma.

"Majina nimebadilisha, mama."

"Herufi moja! Lamar ukamwita Lemar! Marehemu baba yako alikuwa anaogopa hata kuvuka daraja!"

"Sasa ningejuaje? Alikufa nina miaka miwili, na wewe mtu akimtaja tu unaondoka mezani."

"Nani kakujaza huo uongo?"

"Shangazi Ozella."

Vijiko vikasimama. Vernadine hakuwa amesemezana na wifi yake huyo tangu walipomzika Lamar, miaka thelathini na minne nyuma. Corliss alimtafuta kwa siri, akaelekezwa kitanda chake kwenye nyumba ya wazee huko Greenwood, na kwa miaka miwili kila Alhamisi alikuwa kwake. Bibi wa watu alikuwa kasahau mengi. Siku ya kwanza hata jina la kaka yake lilimtoka, ikabidi akumbushwe. Lakini Corliss alipomwambia, "Nisimulie alikuwa mtu gani," kikongwe alikunja uso.

"Mbwa yule," alisema, kisha akasimulia mpaka barafu yote ikayeyuka kwenye chai yao ya baridi.

Corliss aliandika huku akicheka na kulia. Hatimaye naye alikuwa na baba.

"Ingia garini," Vernadine aliamuru. "Leo atayarudia mbele yangu, mzushi mkubwa!"

Njia nzima alifanya mazoezi ya matusi. Mlangoni alinyoosha kofia yake ya kanisani, akaingia kwa kishindo.

"Ozella, wewe nyoka..."

Akakwama. Alimtazama ajuza kitandani, akamgeukia binti yake.

"Huyu ni nani?"

"Mama, acha mchezo."

"Nimeishi na Ozella nyumba moja miaka mitano. Huyu simjui."

Ajuza alivuta shuka mpaka kidevuni. "Ozella alitoka humu kwa jeneza, mimi nikapewa kitanda," alisema. "Wiki ile ile msichana huyu akaingia, akaniita shangazi. Nilikuwa sijaitwa chochote na mtu kwa miaka mingi."

Corliss alishika ukingo wa kitanda. "Kwa hiyo baba yangu hakutoroka na mtu?"

"Baba yako simjui, mwanangu. Uliniuliza habari za mwanamume, nami nilimjua mmoja tu. Yule alikuwa mume wangu."