Mlango Uamue Upya

Miaka hiyo ilikuwa milango, si wenye nyumba, iliyoamua nani abaki na nani afungashe virago. Mlango wa Mboni ulikuwa umeamuru ahame, kwa kuwa mama yake, Bi Mize, alitwanga kisamvu kila alfajiri na kuwakera majirani. Mboni akakimbilia mahakamani, na jaji akakubaliana naye: mlango haukuzingatia kwamba Bi Mize ni mgonjwa, na kutwanga ndiyo furaha pekee iliyombakia.

"Amri nimeifuta," jaji akasema. "Lakini kuamua si kazi yangu. Shauri linarudi kwa mlango, uamue upya."

Basi wakarudi nyumbani, wakaishi humo kama wageni. Walinong'ona, wakazima redio, na kinu Mboni akakisukumia uvunguni. Bi Mize akawa mtu wa kukaa tu, mikono mapajani.

"Mwanangu, si tulishinda?" akauliza asubuhi moja.

"Tulishinda, mama. Punguza sauti."

Mlango ukakohoa kidogo, kama jirani anayetaka kupiga hodi.

"Mboni," ukaita kwa upole, "mbona siku hizi hamtwangi? Au mmeshapata pengine pa kuhamia?"