Mkondo wa Tabata

"Ungeandika Kunduchi! Ungeandika hata Msasani! Wewe umeona wapi bahari inafika Tabata?" Genoveva alimfokea jirani yake.

"Mie balozi wa nyumba kumi niandike uongo kwenye karatasi ya serikali?" Tabu alijibu, mkono kiunoni. "Chupa nimeipatia Tabata, nimeandika Tabata. Tena bahari haikuishia kwangu peke yangu. Ilipita kwa fundi baiskeli, ikaenda hadi kwa muuza mkaa!"

Genoveva alishika kichwa. Majirani walishajaa uani, wengine wamekuja na vigoda vyao kabisa.

Kisa chenyewe kilianza na mumewe, Polikarpo. Mwaka huo wa sabini na nne ndiyo kwanza amepata kazi kwenye ofisi moja ya kupima bahari: joto la maji, chumvi yake, na mikondo inaelekea wapi. Mikondo waliipima kwa chupa. Chupa inazibwa vizuri, ndani ina kadi: *Utakayeokota, andika mahali na tarehe, utie posta. Utapewa doti ya kanga.* Zinatupwa mbali baharini, kisha ofisini wanangoja kadi zirudi, wachore mstari kwenye ramani.

Ndugu Theonest, mkuu wa kazi, aligawa chupa themanini nusu kwa nusu. Arobaini azitupe Polikarpo upande wa kaskazini, arobaini atazitupa mwenyewe upande wa kusini. Kila mtu atafute boti ya wavuvi apande.

Sasa Polikarpo ni mtu wa Mbinga, wa milimani. Mara ya kwanza alipopanda boti alitapika mpaka akamwita mama yake aliyekwisha kufa. Mara ya pili hakupanda boti. Alipanda basi, na kreti zake, akashukia kwake Tabata.

"Chupa zifiche, kadi zichome," alimwambia mkewe.

Genoveva kuona chupa nzuri namna ile, na dukani bila chupa yako hupewi hata tone la mafuta ya taa, alizigawa kwa majirani siku ile ile. Kadi alizisahau mle mle ndani.

Kadi kumi na tisa zikarudi ofisini, zote za Tabata. Na leo Ndugu Theonest yuko njiani, anakuja kuwaona waokotaji kwa macho yake. Aliyekuwa na kazi hiyo kabla ya Polikarpo alifukuzwa kwa kuvunja kipimajoto kimoja tu. Hizi chupa ni arobaini.

Theonest aliingia uani, ramani kwapani. Shikamoo zikamiminika, akapewa kiti chenye mgongo. Alikuwa mtu wa kuheshimika: alisomea nchi za kaskazini kabisa, na ofisini husimulia alivyoipima bahari ya kule akiwa amesimama juu yake kwa miguu yake miwili, maana imeganda. Unatoboa barafu, unashusha kipimo.

Alifungua daftari, akamgeukia Tabu.

"Chupa ilikuja na maji, mama?"

"Ilikuja na Genoveva."

Genoveva alimfinya.

"Yaani," Tabu alisema, akijisugua mkono, "Genoveva ndiye aliyeanza kuiona."

Theonest aliandika. "Mkondo ulikuwa unaelekea wapi?"

"Dukani."

"Kwa kasi gani?"

"Taratibu tu, mwanangu. Goti linanisumbua."

"Na maji yake? Yana chumvi?"

"Mh, chumvi sikuonja. Yananuka mafuta ya taa."

Hakuna aliyethubutu kucheka, ila vigoda vilikuwa vinatikisika. Polikarpo, aliyejibanza nyuma ya mkewe, jasho lilimlowesha mpaka mkanda. Theonest yeye aliandika yote, hata goti, kisha akaitandaza ramani juu ya mkeka. Mstari mwekundu ulitoka baharini, ukapanda nchi kavu hadi Tabata, ukashika Barabara ya Morogoro na kwenda zake moja kwa moja.

"Kibamba," alisema, akigonga ramani kwa kidole. "Kadi nyingine kumi na moja zimetoka Kibamba."

Polikarpo alimtazama mkewe. Mkewe akatikisa kichwa. Wakamtazama Tabu.

"Wallahi, Kibamba sina hata mtu wa kunisalimia!"

Theonest alikunja ramani polepole. "Ndugu Polikarpo, njoo huku pembeni."

Polikarpo alimfuata hadi nyuma ya jiko, anatembea kama mbuzi wa sikukuu. Genoveva naye akajisogeza na ungo wake, akawa anachambua mchele uliokwisha kuchambuliwa.

"Nitasema kweli, mkuu," Polikarpo alianza. "Nina watoto wanne, na kazi hii ndiyo..."

"Ngoja kwanza. Nijibu moja tu. Ukipanda boti, unaanza kutapika mkifika wapi?"

"Kabla ya kisiwa cha kwanza, mkuu."

"Una nafuu." Theonest alivua miwani, akaifuta kwa shati muda mrefu kuliko ilivyohitaji. "Mimi huanza pale pale gatini, kamba haijafunguliwa. Hizo za Kibamba ni zangu. Ndiko ninakokaa."

Ungo ulitua chini.

"Shemeji," Genoveva alisema, akichomoza kichwa, "ingia ndani ule. Vya baharini humu haviingii."