Ukuta wa Jikoni

Siku hizi shahidi wa kwanza wa talaka ni ukuta wa jikoni, maana husikia na kutunza kila neno. Ndiyo maana niliomba kesi yetu ihamishwe kutoka Korogwe kuja Bukoba, ninakoishi sasa kwa dada yangu Kokushubira. Niliandika kwamba magoti hayaniruhusu kusafiri. Moyoni nilijiambia ukuta hausafiri.

Mume wangu, Shekiondo, hakupinga. Dada naye aliwaalika majirani waje mahakamani kumwona mdogo wake aliyemuuguza mama mkwe mpaka siku ya mwisho.

Mlangoni pa mahakama karani alinipokea kwa heshima. "Shikamoo mama. Shahidi wenu amefika salama."

Ukuta ulikuwa umesimamishwa katikati ya ukumbi, umekatwa mzimamzima, na masizi yake na msumari niliokuwa nikitundikia kanga ya mama mkwe. Dada akanishika mkono. Hakimu akauamuru ukuta useme, nao ukasema kwa sauti yangu:

"Meza, kikongwe we, au nikumwagie huo uji!"

Dada akauachia mkono wangu taratibu. Ukuta ukaendelea, sasa kwa sauti ndogo ya mama mkwe:

"Nisamehe, mwanangu. Nameza."